Mama Mkwe Amegoma Kuachia Sayari

Jumamosi, saa tisa alasiri, jua likiwa limeshika kazi yake barabara, feni ya dari katika sebule hii inazimwa. Umeme haujakatika. Imezimwa makusudi, na aliyeizima ni mwenye nyumba mwenyewe, fundi wa majokofu na viyoyozi. Mkono wake bado uko kwenye swichi anapotangaza kwa sauti ya msibani:

"Wakazi wa Mwavuli, mtambo wa hewa umekufa."

"Wee Fundi wewe!" anadakia mshonaji wa nyumba ya jirani, akijipepea kwa gazeti. "Mitambo yako mbona hufa siku za joto tu?"

Sebule inaangua kicheko. Wamo watu kumi na watatu. Sofa ya watu watatu imebeba watano, na aliyekaa katikati hajui mguu upi ni wake. Viti vya plastiki vimeazimwa nyumba ya pili, vikombe vya chai vimewekwa popote penye nafasi, hata juu ya televisheni, na sahani ya karanga inazunguka kutoka paja hadi paja.

Kwenye kiti kizuri kuliko vyote, kile cha dirishani, ameketi mama mwenye mvi zilizochanwa vizuri na filimbi shingoni. Yeye hacheki. Anainua filimbi, anapuliza mara moja, na watu wazima wote wananyamaza kama watoto waliofumaniwa.

"Mshonaji," anasema taratibu, "kuongea bila ruhusa. Kona."

Naye mshonaji, mwanamume mwenye wajukuu, anainuka na kwenda kusimama kwenye kona ya sebule, uso ukutani, gazeti lake mkononi.

Kwenye mlango wa jikoni, peku, miwani ikiwa imepandishwa juu ya kichwa, amesimama mwanamke mwembamba anayetazama yote haya bila kusema neno. Simu yake, iliyowekwa kwenye kabati la vyombo, inarekodi kila kinachosemwa. Anauma mdomo wa chini ili asicheke, lakini macho yake yana wasiwasi.

Huyu ndiye Daktari, na kinachoendelea hapa ndiyo namna yake ya kuandika riwaya.

Daktari ni mhadhiri wa sayansi ya siasa. Mtaani wanamwita hivyo hivyo, Daktari, na jina hilo limemletea shida zake. Alipohamia hapa, majirani walimletea watoto wenye kikohozi. Mama mmoja alikuja na mguu uliovimba, akaambiwa kwamba huyu ni daktari wa siasa.

"Akaniuliza, siasa inauma wapi?" anasimulia Daktari. "Nikamwambia, mama, inauma kila mahali. Akakaa, nikampa chai. Mpaka leo ni rafiki yangu."

Mchana anafundisha vijana jinsi serikali zinavyoundwa na zinavyoanguka. Muda unaobaki anaandika hadithi za sayari za mbali, vyombo vya angani na watu walioondoka duniani kwenda kuanza maisha upya. Ameshatoa riwaya tatu. Ile ya kwanza, *Wapigakura wa Zohali*, aliitunga akisimamia mitihani.

"Ukisimamia mtihani huruhusiwi kusoma, huruhusiwi kuongea, huruhusiwi hata kusinzia," anasema. "Saa tatu nzima unatazama visogo. Nikajisemea, hawa wakipelekwa Zohali, nani atakuwa waziri?"

Wachapishaji saba waliikataa. Mmoja alisema hadithi za anga ni za watoto. Mwingine aliuliza iwapo mume wake ndiye aliyeandika sehemu za mitambo. Wa nane aliichukua, akachapa nakala mia tano, na mapato yake yote yalinunua kitu kimoja: feni ya dari, hii hii inayozimwa leo.

Kule chuoni maneno hayakukosekana. Kuna mwenzake mmoja ambaye kila wakikutana kwenye ngazi humuuliza, "Leo unafundisha au unaruka?" Walioanza naye kazi wameshakuwa maprofesa. Yeye aliambiwa wazi kwamba riwaya hazihesabiwi anapoombewa cheo.

"Sikasiriki," anasema, halafu anafikiri kidogo. "Ninakasirika kidogo. Lakini makala zangu za kitaaluma husomwa na watu kumi na wawili, nikiwemo mimi na mume wangu. Naye husinzia. Riwaya zangu nimezikuta zinasomwa foleni ya benki."

Kwa nini asiandike siasa za kawaida za duniani, wakati ndizo anazozijua?

"Ukimtaja mkubwa fulani, watu wanaangalia pembeni kuona nani anasikia," anajibu. "Ukimtaja Mkuu wa sayari ya majivu, wanacheka. Wanacheka weee, halafu ghafla wananyamaza. Mimi naandika kwa ajili ya huo ukimya."

Mbinu ya sebuleni ilianza kwa kashfa. Riwaya ya pili ilipotoka, alimpa nakala yule mshonaji, ambaye mtaa mzima unamwita Redio kwa sababu hana kitufe cha kuzimia. Redio aliisoma siku mbili, akafunga duka, akaja nayo mkononi.

"Nilimwambia ukweli," anasema Redio. "Daktari, kitabu kitamu, ila watu wote humu ndani wanaongea kama wewe. Rubani anaongea kama wewe, mwizi anaongea kama wewe, mtoto wa miaka sita anasema 'kwa mantiki hiyo.' Mtoto gani huyo? Mpimeni!"

Daktari alicheka mpaka machozi yakamtoka. Kisha akamwambia, "Basi njoo uongee mwenyewe."

Tangu hapo, kabla ya kuandika riwaya, huandika katiba. Anabuni sayari, anabuni sheria zake, halafu anawaita watu. Kila mmoja hupewa kazi na makazi. Fundi, mumewe, hupewa mitambo. Nesi wa zahanati ya mtaa, mwanamke mwenye ulimi mkali na moyo laini, hupewa hospitali. Redio safari hii ni mkuu wa ghala. Wengine ni wanafunzi, majirani, na dereva mmoja wa lori aliyekuja kuazima pampu ya baiskeli akanogewa.

Sayari ya riwaya ya nne imefunikwa na majivu. Watu wake wanaishi chini ya paa kubwa la kioo liitwalo Mwavuli. Hewa ikipungua kule, feni inazimwa hapa. Maji yakiadimika kule, hapa chai inapimwa kwa kijiko.

Daktari ana sharti moja tu, na analishika kama kiapo: kinachoamuliwa sebuleni ndicho kinachoandikwa. Yeye haruhusiwi kuingilia, kushauri, wala kukonyeza mtu.

"Nikiingilia mara moja tu, basi ni mimi tena nimejigawa mara kumi na tatu," anasema. "Redio atarudi na kitabu mkononi."

Sharti hilo ndilo lililomweka pabaya.

Mwavuli ulipoanza, wakazi walimchagua Mkuu wao wa kwanza. Walimchagua mama mkwe wa Daktari, mama mzazi wa Fundi, mwalimu mkuu mstaafu aliyehamia nyumbani kwa mwanawe mwaka jana. Alichaguliwa kwa kishindo. Alikuja na filimbi yake mwenyewe, ya miaka yote ya shule, na Daktari alipendezwa nayo kiasi kwamba aliiandika katika ibara ya kwanza: hakuna kikao bila filimbi ya Mkuu.

Na mama alitawala. Hilo halibishaniwi. Foleni ya maji ilinyooka. Wizi wa ghalani ulikwisha ndani ya Jumamosi mbili. Wakazi walifagia sayari, maana yake sebule ya Fundi, mpaka ikang'aa.

"Vumbi lilikwisha," anakiri Redio. "Na vicheko navyo vikaisha."

Kisha Jumamosi moja Nesi alinyoosha mkono, akauliza kwa adabu zote, "Mkuu, samahani, kipindi chako kinaisha lini?"

"Kipindi kipi, mwanangu?" mama aliuliza. "Nionyeshe kilipoandikwa."

Karatasi za katiba zikaanza kupekuliwa. Ikasomwa ibara ya kuchaguliwa kwa Mkuu, ikasomwa ya majukumu yake, ikasomwa ya kiti chake na mahali kitakapowekwa. Wakafika mwisho, wakarudi mwanzo. Hakuna mahali popote palipoandikwa jinsi Mkuu anavyoondoka. Na ukitaka kuongeza ibara, lazima kiwepo kikao. Na kikao hakiwi bila filimbi. Na filimbi iko shingoni mwa mama.

Wote waligeuka kumtazama Daktari mlangoni. Yeye alikuwa ameshika kichwa.

Hapa ndipo majirani wanapovunjika mbavu kila wakisimulia. Daktari huyu ndiye aliyepata shahada yake ya juu kwa kuandika kurasa mia tatu kuhusu viongozi wasiotaka kutoka madarakani. Ndilo somo lake chuoni, ndilo analoalikwa kulitolea mihadhara.

"Kurasa mia tatu," anasema mwenyewe, akificha uso kwa viganja. "Najua wanavyojichimbia, najua visingizio vyao kwa mpangilio wa alfabeti. Halafu najenga nyumba yangu mwenyewe nasahau kuweka mlango."

Miezi mitatu imepita tangu Jumamosi hiyo. Kila mtu akitaka kugusia suala la Mkuu kuondoka, mama hapulizi filimbi, na jambo linaishia hapo. Riwaya imekwama ukurasa ule ule. Mchapishaji naye amechoka kusubiri. Amesema maandishi yasipofika mwisho wa mwezi huu, nafasi ya kuchapa inakwenda kwa kitabu kingine, na cha Daktari kitasubiri mwaka ujao, kama mwaka ujao atakuwa bado anachapa hadithi za anga.

Simu yao ya mwisho Fundi ameikariri, na huiigiza kwa sauti mbili.

"Daktari, kitabu kiko wapi?"

"Kimekwama."

"Kimekwama wapi?"

"Mama mkwe hataki kutoka madarakani."

"Daktari, unaumwa?"

Alipoelezwa, mchapishaji alitoa suluhisho la haraka: Mkuu apate ajali ya chombo, afe, kitabu kiendelee. Daktari alikataa katakata.

"Nikimuua kwa kalamu, nimepindua serikali," anasema. "Jumatatu nasimama mbele ya vijana nawaambia mapinduzi hayatibu kitu, halafu Jumamosi nipindue? Tena nimpindue mama mkwe wangu? Nitakula wapi?"

Anacheka, lakini jambo lenyewe linamuuma. Kuvunja sharti ni kuua njia yake ya kuandika. Kutolivunja ni kukipoteza kitabu.

Mama mwenyewe tulimkuta jikoni kabla ya kikao, akipanga vikombe kwenye sinia, mishikio yote ikitazama upande mmoja. Aliulizwa kwa nini haachii. Alimaliza vikombe kwanza.

"Nilipostaafu walinifanyia sherehe nzuri," alisema. "Walinipa saa ya ukutani, wakaimba, wengine wakalia. Kesho yake nikakumbuka nimesahau miwani ofisini. Nikarudi. Mlinzi wa getini, kijana niliyemwajiri mimi, akaniambia, 'Mama, subiri hapo kwanza niulize kama unaruhusiwa kuingia.'"

Alifuta sinia pembeni kwa kitambaa.

"Hakunitukana. Alikuwa na adabu zake zote. Akaniletea na kiti. Nikakaa pale getini nasubiri miwani yangu. Watu wanasema wakubwa wanapenda vyeo. Wapo. Ila wengine tunaogopa geti."

Kisha akabeba sinia, akaiweka filimbi sawa shingoni, akaenda sebuleni kutawala.

Kwa hiyo tunarudi pale pale: feni imezimwa, joto limepamba, Redio yuko kona, na Daktari mlangoni anauma mdomo.

Ni Redio anayeanza. Bado uso uko ukutani, ananyoosha mkono.

"Mkuu, naomba ruhusa ya kutoka nje."

"Nje wapi?"

"Nje ya Mwavuli. Ibara ya tano: kila mkazi ana haki ya kutoka nje kwa hiari yake na kwa hatari yake mwenyewe."

Mama anamtazama kwa juu ya miwani. "Nje kuna nini?"

"Majivu, mama."

"Utapumua nini huko?"

"Nitajijua huko huko."

Kinachofahamika baadaye ni kwamba mpango huu umeshonwa wiki nzima kwenye duka la Redio, kati ya suruali na suruali, Daktari akifichwa kila kitu. Ibara ya tano aliiandika kwa ajili ya wapelelezi wa sayari. Hakuna aliyemwambia kwamba wakazi wameiona kuwa ndio mlango aliousahau.

Redio anabeba kiti chake, anavuka sebule, anatoka hadi barazani. Nesi anasimama. "Mkuu, naomba ruhusa ya kutoka nje." Anabeba kiti chake. Dereva wa lori anafuata. Wale watano wa kwenye sofa wanajinasua mmoja mmoja, kila mmoja akiomba ruhusa kwa heshima kamili, na mama, ambaye hajawahi kuvunja kanuni tangu azaliwe, anaitoa. "Ruhusa." "Ruhusa." "Ruhusa." Kila mara sauti inashuka kidogo.

Anabaki Fundi.

"Mama," anasema, amesimama karibu na swichi, "naomba ruhusa."

"Hata wewe?"

"Hata mimi, mama."

Mama anatikisa kichwa kidogo tu, kukubali. Fundi ananyoosha mkono ukutani, anawasha feni. Inazunguka taratibu, kisha kwa kasi, ikipeperusha karatasi za katiba juu ya meza.

"Hewa yote nakuachia wewe," anasema. Naye anatoka.

Sasa sebule ina mtu mmoja. Feni inamzungukia peke yake. Daktari kule mlangoni ameweka mkono mdomoni, na kwa mara ya kwanza tangu abuni mbinu hii, mguu wake unapiga hatua moja kuingia sebuleni. Anausimamisha. Anaurudisha.

Mama anainua filimbi, anapuliza. Hakuna anayekuja. Anapuliza tena, kwa nguvu zaidi. Jogoo wa jirani anamjibu.

Anakaa. Anapanga vikombe vilivyoachwa, mishikio upande mmoja.

Ndipo kicheko kinapolipuka barazani. Si cha mtu mmoja. Ni baraza zima. Redio ameshika usukani, anasimulia habari za mwenye duka la vifaa vya ujenzi aliyejifungia ndani ya duka lake mwenyewe, na sauti yake inasikika mpaka nyumba ya tatu. Mama anageuza sikio. Kicheko kinakuja tena. Anasogea mbele kidogo kwenye kiti. Huyu mama, wanasema wanaomjua, angeweza kukosa chakula lakini si habari za mtaa, na Redio anajua hivyo.

Anainuka. Anafika kwenye mlango wa baraza, anasimama pale pale kizingitini.

"Redio, ulisema alijifungia na nani?"

"Ingia barazani mama, jambo lenyewe halisemwi kwa sauti."

Haingii. Macho yake yametua kwenye duara la viti. Kimoja kiko wazi, na si cha plastiki. Ni kile cha mbao cha jikoni anachopenda kukalia akichambua mchele, na mto wake umewekwa juu yake.

"Hicho cha nani?"

"Chako," anasema Nesi. "Kilitangulia kabla yetu."

"Nani kawaambia nitakuja?"

"Nimezaliwa na wewe, mama," anasema Fundi.

Bado yuko kizingitini. "Huku nako kuna Mkuu?"

"Bado. Tunachagua leo," anasema Nesi. "Kipindi miezi sita, kisha uchaguzi tena."

"Na akimaliza hiyo miezi sita, akishindwa, anakwenda wapi?"

Hapo utani wote unapungua sauti. Redio anakohoa. Ni Fundi anayejibu, akitazama mikono yake ya ufundi.

"Haendi popote. Anabaki na kiti chake. Na getini haulizwi."

Mama anamtazama mwanawe. Jikoni alikokuwa akisimulia, ukuta ni mwembamba, na mwanawe alikuwa upande wa pili.

"Hiyo iandikeni iwe ya kwanza," anasema hatimaye. "Halafu niandikeni na mimi. Nagombea."

Baraza linalipuka kwa vigelegele na miluzi. Mama anaingia, anakaa kwenye kiti chake, anapokea karanga.

Uchaguzi unafanywa kwa kunyoosha mikono. Wagombea ni wawili, Nesi na mama. Nesi anapata kura saba, mama sita. Mmoja wa wale sita ni Redio, na watu wanamvamia kwa maneno: si wewe uliyekuwa kona? Si wewe uliyeongoza watu kutoka?

"Nilitaka atoke," anajitetea Redio. "Nilisema asirudi?"

Mama naye anamgeukia mwanawe. "Mkono wako niliuona ulipokuwa."

"Mama, kura ni siri."

"Ya mikono?"

Fundi anajificha nyuma ya kikombe cha chai.

Kisha mama anaivua filimbi. Uzi umekwama kwenye hereni, Nesi anamsaidia kuunasua. Mama anaifuta kwa upindo wa nguo, anaishika kiganjani, anaitazama, kisha anaiweka mkononi mwa Nesi.

"Usiipulize kwa nguvu sana," anasema. "Ina ufa kidogo ubavuni. Ukiipuliza taratibu inaitika."

Wapo waliotazama pembeni. Daktari, aliyesogea mpaka dirishani, anashusha miwani kutoka kichwani na kuivaa, ingawa hakuna anachosoma.

Lakini mama hajamaliza. Nesi amepuliza filimbi kwa mara ya kwanza, kikao kimefunguliwa, na mkono wa kwanza kunyooshwa ni wa Mkuu mstaafu.

"Mheshimiwa Mkuu, mimi kama mkazi wa kawaida nina hoja. Huyu anayesimama dirishani anaandika kila tunachosema. Yeye ndiye aliyetunga katiba iliyotuletea matatizo yote haya. Naomba kuuliza baraza hili: nani alimchagua?"

Wanatazamana. Kisha vicheko, kisha, kama ilivyo kawaida ya vicheko vya nyumba hii, ukimya mrefu.

"Kwa kweli," anasema Redio taratibu, "hakuna."

Nesi anageuka kwa Daktari. "Dada, una la kusema?"

Daktari anafungua mdomo, anakumbuka sharti lake, anaufunga. Baraza linavunjika mbavu. Hoja inapigiwa kura, inapita bila kupingwa hata na mumewe: mwandishi wa Mwavuli atashika kalamu kwa miezi sita, kisha baraza litaamua kama aendelee.

Jioni, viti vimerudishwa nyumba ya pili na karanga zimekwisha. Daktari amekaa kwenye kizingiti cha baraza, simu sikioni, anaongea na mchapishaji wake.

"Ametoka," anamwambia.

Sauti ya upande wa pili inasikika waziwazi. "Amepinduliwa?"

"Hapana. Kicheko ndicho kilichomtoa."

Anasema sura zilizobaki ataanza kuziandika Jumatatu baada ya kipindi cha mwisho, na zitafika kabla ya mwezi kwisha. Hana wasiwasi nazo, kwa sababu zimeshatokea. Ana mpango pia wa kuingiza jambo jipya kwenye somo lake, mhadhara mmoja ambao miaka yote hiyo hakuwahi kuutoa, unaohusu siku inayofuata baada ya mkubwa kuondoka. Anatarajia kumwalika mama mkwe wake auzungumze, na ameshapanga kwenda kumpokea getini yeye mwenyewe.

Na riwaya ya tano?

"Hiyo inategemea," anasema, akicheka. "Kipindi changu ni miezi sita. Natumaini watanirudisha. Nitapiga kampeni, nitagawa karanga."

Ana mpinzani?

Anageuka kutazama ndani. Sebuleni, chini ya feni, mama mkwe ameinama mezani, miwani puani, anaandika kitu kwa mwandiko wa ubaoni, mkubwa na ulionyooka. Redio amekaa kando yake, anapunguza sauti kwa mara ya kwanza katika maisha yake.

"Ameshachukua fomu," anasema Daktari. "Anasema naye ana hadithi. Inaanzia getini."